Kunyimwa nafasi ya ualimu kwa sababu ya alama: barua, Ombudsman au kortini?

MwanaFaza
Asalaam aleikum jamaa. Mdogo wangu wa kike alimaliza Form Four akapata C ya jumla, Hisabati D+. Akaomba diploma ya ualimu wa shule za msingi katika chuo kimoja cha binafsi hapa pwani ya Kenya, akajibiwa mstari mmoja: "Hujatimiza masharti." Masharti yepi, hawakusema. Nyumbani kila mtu na lake. Mjomba ataka twende kortini, mama asema arudie mtihani, mimi naona bora Ombudsman, tume inayopokea malalamiko dhidi ya ofisi za serikali. Kutoka Faza ni mashua hadi Mokowe, kisha basi hadi Malindi, na nauli si mchezo. Tushike njia ipi?

Wakili_MLD
Waleikum salaam. Kwanza jueni sharti lililomzuia ni la nani. Diploma ilipochukua nafasi ya P1, cheti cha zamani cha ualimu wa msingi, mwaka 2021, mwombaji alitakiwa awe na C ya jumla na tena C katika Kiswahili, Kiingereza, Hisabati, sayansi moja, na somo moja la kundi la Historia, Jiografia au Dini. Baadaye wizara ililiondoa hilo sharti la masomo, ikabaki C ya jumla. Huenda chuo chenu bado kinasoma karatasi ya zamani. Ikiwa ndivyo, barua inatosha. Kifungu cha 47 cha Katiba kinampa haki ya kuelezwa sababu kwa maandishi. Andikeni mkiomba sababu hizo, ambatisheni result slip, nakala ipelekwe wizarani.

Kortini msikimbilie. Sheria ya 2015 kuhusu maamuzi ya kiutawala, kifungu cha 9, inataka mmalize kwanza njia za rufaa zilizopo. Jaji atawauliza: mlikata rufaa wapi? Mkikosa jibu, anaweza kuwarudisha mlikotoka, na muhula umeshaanza.

MamaMkomani
Wakili, na wangu mwenye C-? Sisi wa Lamu tulisomea shule zisizo na walimu wa sayansi, leo watoto wapimwe sawa na wa Nairobi? Hapo hakuna kesi?

Wakili_MLD
Bi mkubwa, yako ni nzito zaidi, kwa sababu unataka sharti lenyewe libadilike. Hoja ipo. Kifungu cha 27(6) cha Katiba kinaagiza serikali iwainue waliobaguliwa zamani, na cha 56 kinataja nafasi maalumu za elimu kwa jamii zilizotengwa. Lamu na Kilifi zimo katika kaunti 14 ambazo Tume ya Ugavi wa Mapato iliziorodhesha kuwa zimeachwa nyuma. Tena kifungu cha 22 kinasema kufungua kesi ya haki za kimsingi hakutozwi ada, na kwa watu wa Lamu Mahakama Kuu ya Garsen iko karibu kuliko ya Malindi.

Lakini upande wa pili una kifungu cha 237, kinachoipa TSC, Tume ya Huduma za Walimu, kazi ya kusajili walimu na kuangalia viwango vya mafunzo yao. Na majaji kwa kawaida husitasita kupanga alama za kuingilia chuo. Huangalia zaidi kama utaratibu ulifuatwa na kama wananchi walishirikishwa.

MwalimuMstaafu
Hapo kwenye TSC ndipo penye roho ya jambo hili, na wazazi hawapaangalii. Mwaka 2018 serikali iliteremsha alama kwa kaunti kama zetu, D+ kwa cheti na C- kwa diploma. TSC ikapinga. Fikirieni mtoto amekaa chuoni, karo imelipwa kwa samaki na mikoko, halafu asipate namba ya usajili. Diploma ni miaka 3! Ushindi wa kuingia chuoni bila uhakika wa kusajiliwa unaniumiza kuliko kunyimwa nafasi siku ya kwanza. Yeyote anayekwenda kortini aiingize TSC katika kesi, amri iifunge nayo.

KijanaShela
Nasoma sheria, naongeza moja. Tarehe 11 Agosti 2023 Mahakama ya Juu ya India iliamua kwamba wenye B.Ed, shahada ya ualimu, hawastahili kufundisha madarasa ya msingi, kwa kuwa mafunzo yao hayakulenga watoto wadogo. Haki ya mtoto kupata elimu bora ilipewa uzito mkubwa. MamaMkomani, upande wa pili unaweza kujenga hoja kama hiyo hapa, jiandaeni.

Ombudsman halipishi, lakini hutoa mapendekezo na huchukua muda. Tena kazi yake ni ofisi za serikali, si chuo cha binafsi: anafaa wizara ikikaa kimya baada ya barua.

MamaMkomani
Basi arudie?

MwalimuMstaafu
Kwa C-, mimi ningemwambia arudie, ingawa roho yauma kusema hivyo. Gredi mpya ya jumla yahitaji masomo yasiyopungua 7, Hisabati peke yake haisaidii. Na kundi la mwisho la 8-4-4, mfumo wa elimu unaoondolewa, litafanya KCSE, yaani mtihani wa Form Four, mwaka 2027, asikawie kujiandikisha. Hiyo kesi ya kaunti zetu naiunga mkono kabisa, ila ifunguliwe na wazazi wengi pamoja, asibebeshwe mtoto mmoja mwaka wake.

MwanaFaza
Shukran nyote. Mjomba amekubali, twaanza na barua.

MwalimuMstaafu
Ipelekeni kwa mkono mkiweza, na nakala yenu ipigwe muhuri na tarehe palepale dirishani. Bila muhuri watasema hawakuiona.