Tupeane uzoefu: paa lililovuja baada ya rangi kukauka

Doa la Chai
Wakuu, jana sikulala. Nimemaliza ukarabati wiki tatu zilizopita: dari mpya, rangi imekauka, hata ngazi ya kuazima nimesharudisha. Imenyesha mvua ya kwanza ya maana, asubuhi naamka nakuta sebuleni doa la rangi ya chai palepale lilipokuwa la zamani. Palepale! Kama vile lilikuwa limejificha linasubiri nimalize kulipa. Fundi alishapanda mara mbili, akapaka lami usawa wa doa, akaniapia kwamba hapa kwisha habari. Nani yamemkuta haya, na tundu mlilipataje?

Chura wa Kiangazi
Karibu chamani.

Fundi Mstaafu
Umejijibu mwenyewe hapo kwenye "usawa wa doa". Maji ya paa hayadondoki wima, ndugu yangu. Yakishapenya kwenye bati yanashika mbao za paa, papi au kenchi, yanatambaa nazo mpaka yakute fundo, msumari au kiungo cha mbao, ndipo yanaachia. Niliwahi kufuata doa la jikoni nikakuta tundu lake liko juu ya chumba cha watoto, mita nne na kitu. Panda darini na tochi wakati inanyesha, kanyaga mbao na si dari, tafuta mbao iliyobadilika rangi, kisha fuata michirizi ukipanda kuelekea kofia, lile bati la kileleni mwa paa. Mchana wa jua pia panda, funga mlango, kaa gizani kidogo macho yazoee. Matundu ya misumari yatakuonyesha nyota.

Mama Pacha
Mita nne? Langu lilivuka ukuta. Doa chumbani, tundu juu ya choo.

Nyundo Moja
Kwangu ilikuwa misumari. Jua likiwaka bati linatanuka, usiku linajirudi, kila siku hivyohivyo miaka nenda rudi, msumari unajing'oa kidogo kidogo. Mpira wake nao umekaushwa na jua umepasukapasuka. Upande mmoja tu nilihesabu 60 na ushee inayocheza kwa kidole. Nikajifanya bingwa, nikaigongelea yote upya. Mvua iliyofuata ikavuja mara mbili ya mwanzo! Kumbe tundu lilishapanuka, na nyundo imebonyeza bati, kila msumari umejitengenezea kidimbwi chake. Ikabidi ning'oe moja moja, niweke skrubu nene zaidi zenye mpira mpya. Jumamosi nne hizo, na kiuno hakijasahau.

Bati Geji
Na wapige mgongoni, siyo bondeni. Maji yanapita bondeni. Mtoto wa darasa la pili anajua.

Skrubu Bin Mpira
Taratibu mkuu. Hiyo ni kwa bati la mawimbi. Haya ya migongo bapa, watengenezaji wengi wanaelekeza skrubu ikae bondeni, pale bati linapolalia papi, ili mpira ubanwe sawasawa. Mgongoni chini yake kuna uwazi, ukikaza linabonyea.

Bati Geji
Kwa hiyo unatoboa njia ya maji kwa makusudi. Haya.

Skrubu Bin Mpira
Soma karatasi ya mtengenezaji.

Bati Geji
Paa langu lina miaka 19 halijatoa tone. Nisome karatasi ya nini?

Mama Pacha
Mnagombana na mwenzenu anakinga ndoo.

Beseni la Saba
Nilikuwa napita tu, ila haya ya kupanda darini yametonesha kidonda.

Nyumba yangu niliinunua kiangazi. Nilikagua kila kitu: mabomba, nyaya, nyufa, mpaka shimo la maji taka nilifunua. Darini sikupanda. Mlango wake ulikuwa umepakwa rangi ukashikana na dari, huoni hata mstari. Mimi nikausifia. Nikasema huyu bwana msafi.

Tukahamia, tukakarabati, vigae, milango, rangi mwisho. Mvua zikaanza. Siku ya kwanza kavu, ya pili kavu, ya tatu nikampigia shemeji kumtambia. Usiku wa nne, kama saa nane hivi, nasikia mlio kama mtu anamimina maji taratibu kwenye gudulia. Nawasha taa. Kile kioo cha kufunika globu kimejaa maji nusu, na taa inawaka ndani yake kama samaki. Pembeni yake dari imetuna, imeshuka kabisa juu ya kitanda cha mtoto. Mke wangu akamnyakua mtoto, mimi nikakimbilia kuzima umeme wote. Nikarudi na tochi na mpini wa ufagio. Nikawaza nitoboe kidogo maji yashuke kwa adabu.

Nimegusa tu. Ubao mzima ukaja chini. Maji, jipsamu iliyolowa, vumbi la miaka, kiota cha panya, na katikati ya vyote hivyo likatua beseni la bluu. Likazunguka kidogo sakafuni, likatulia. Nimesimama na mpini wangu, namuuliza mke wangu, "Hili umeliweka wewe juu?"

Asubuhi nikavunja rangi ya ule mlango nikapanda. Yalikuwa mengine sita. Yamepangwa kwenye mbao, kila moja chini ya tone lake, kuna sufuria isiyo na mshikio, kuna ndoo ya rangi iliyokatwa. Yote yamejaa hadi ukingoni. Aliyeniuzia alikuwa anapanda kuyamwaga! Mimi sikuambiwa kwamba hiyo ni mojawapo ya kazi za nyumba ile.

Na moja lilikuwa jipya. Karatasi ya dukani haijabanduliwa.

Chura wa Kiangazi
JIPYA????

Mama Pacha
Nimecheka mpaka nimeona aibu. Mtoto yuko salama lakini?

Beseni la Saba
Salama kabisa. Hata hakuamka.

Nyundo Moja
Huyo ni tapeli, tusizunguke.

Mpangaji Mzoefu
Tapeli wapi? Mnunuzi mzima unafunua shimo la maji taka halafu unashindwa kupanda ngazi? Mlango wa darini uliopakwa rangi ukashikana ndiyo dalili yenyewe.

Nyundo Moja
Yaani aliyeibiwa ndiye mwenye kosa.

Mpangaji Mzoefu
Sijasema hivyo. Nimesema apande ngazi.

Fundi Mstaafu
Piga hesabu. Lita moja kilo moja. Mabeseni saba ya lita 20 ni kilo 140, juu ya dari isiyotengenezwa kubeba hata paka mnene. Na dari ikituna usiiguse na mpini. Zima umeme kwanza, hilo ulifanya vizuri. Kisha ondoa watu na vitu, weka ndoo, simama pembeni, toboa tundu dogo kwa bisibisi pale ilipolegea zaidi.

Chura wa Kiangazi
Mzee hayo sawa, ila mimi nataka kujua kama alimpigia yule aliyemuuzia.

Mama Pacha
Hata mimi.

Tenki Bovu
Turudi kwa mleta mada. Kabla hujamshika mtu shati, angalia kama doa linalowa hata isiponyesha. Mimi nililaumu mafundi watatu wa bati, kumbe boya la tenki la darini limechoka, maji yanafurika kila bomba likirudi. Mmoja wao nilikuwa nimeshamdhulumu nusu ya malipo. Nimemwomba radhi, lakini salamu zake siku hizi ni za mbali.

Alfajiri
Kuna na jasho la bati. Usiku wa baridi, hewa yenye unyevu kutoka jikoni na bafuni inapanda inagusa bati lililopoa, inageuka matone chini ya bati. Asubuhi unalaani mvua ambayo haikunyesha. Dawa yake ni matundu ya hewa, lami haisaidii kitu.

Mkono Mtupu
Mimi napaka silikoni tu kila penye mashaka. Maisha mafupi.

Skrubu Bin Mpira
Ile yenye harufu ya siki? Ina asidi, inakula zinki ya bati. Kuna isiyo na asidi. Na hata hiyo, ukipaka juu ya vumbi na kutu inabanduka kama ngozi ya nyoka.

Mkono Mtupu
Mwaka wa tano huu na ipo.

Skrubu Bin Mpira
Subiri wa sita.

Zege Juu
Sisi wa paa la zege huwa mnatusahau. Maji yakituama sentimita 5 tu ni kilo 50 kila mita mraba, na ufa wa unene wa unywele unatosha kuyapitisha. Zibueni midomo ya maji kabla hamjanunua dawa yoyote ya kupaka.

Mama Pacha
Jambo moja sicheki nalo. Kama ni nyumba ya zamani yenye mabati ya asbesto, msipande kuyatembelea, yanavunjika ghafla. Wala msikate, msitoboe, msisugue yakiwa makavu. Shirika la Afya Duniani linasema aina zote za asbesto zinaleta saratani. Tafuteni wenye vifaa vya kazi hiyo.

Doa la Chai
Asanteni. Paa langu ni bati la kawaida, upande mmoja limekutana na ukuta ulioinuka. Tenki nimeangalia, kavu. Mvua imekata, nifanyeje, nisubiri?

Fundi Mstaafu
Usisubiri. Chukua mpira wa maji, mtu mmoja juu, mwingine darini na tochi. Anzeni CHINI, huku mwisho wa bati, dakika kumi hivi kila sehemu, ndipo mpande. Ukianzia juu kwenye kofia utalowesha paa zima, tone likitokea hutajua la nani. Na usielekeze maji kupanda chini ya maungio ya bati, utatengeneza uvujaji ambao haukuwepo.

Beseni la Saba
Samahani, nilikuwa kazini. Ndiyo, nilimpigia. Akasikiliza mpaka mwisho, akanipa pole. Halafu akauliza kama lile jipya limepona.

Chura wa Kiangazi
😂😂😂 Mimi naaga.

Doa la Chai
Tumerudi. Mke wangu alikuwa darini, mimi juu. Mabati tumemwagilia saa nzima na zaidi, kimya. Nikataka kukata tamaa, nikapandisha maji kwenye plasta ya ule ukuta. Hazijaisha dakika tano nasikia anapiga kelele. Kuna ufa kwenye plasta, juu kidogo ya ile bati iliyokunjwa kuziba kona. Maji yanaingia ndani ya ukuta, yanaibukia nyuma yake, yanadandia papi mpaka sebuleni. Lami ndoo mbili zimepakwa bure. Fundi amekubali kuchimba mfereji ukutani, achomeke bati ndani ya plasta badala ya kuliegesha tu. Dari nitaiacha ikauke kwanza, rangi baadaye.

Bati Geji
Safi sana mkuu. Sasa, ulipokuwa juu, misumari ipo mgongoni au bondeni?

Doa la Chai
Sikuangalia.

Bati Geji
Ngazi bado ipo?