Riwaya za familia zilizopitia vita, mnazisomaje? Na mke wa mpagazi nani kamwandika?

mchonga_vinu
Wadau habari za jioni. Nina jambo limenikaa kichwani wiki ya pili sasa naomba tulijadili. Nimemaliza Peponi ya Abdulrazak Gurnah, ile aliyoitafsiri Ida Hadjivayanis ikatoka Mkuki na Nyota 2022, alafu nikaunganisha moja kwa moja na Afterlives ya kwake hiyohiyo kwa Kiingereza, na toka nimalize usingizi umekuwa wa kuokoteza. Sio kwamba zinatisha, hapana, ni kwamba zimenigusa pa nyumbani.

Sisi kwetu ni Lindi, huko ndani upande wa Mtama. Babu yake bibi yangu alichukuliwa upagazi vita ya Mjerumani, yani Vita Kuu ya Kwanza. Mwaka tunakadiria tu 1917, kwa sababu ndo Mwingereza na Mjerumani walikutana Mahiwa mwezi wa kumi, na bibi anasema mama yake alikuwa bado wa kubebwa mgongoni, walikimbilia porini mizinga inasikika. Huyo mzee tunajua mambo matatu tu kuhusu yeye. Alikuwa anachonga vinu. Walimchukulia shambani. Hakurudi. Hata upande uliomchukua hatuujui maana pande zote mbili zilikuwa zinakamata watu.

Shuleni hii vita mi nilisoma kama nusu ukurasa, kamanda wa Mjerumani Lettow-Vorbeck kapigana, meli ya Königsberg ikaishia Rufiji, Mwingereza akachukua nchi, tukaenda mada nyingine. Sasa kwenye Afterlives kuna binti anaitwa Afiya, kaka yake Ilyas anajiunga na jeshi la Mjerumani kwa hiari yake kabisa, anamrudisha mdogo wake kwa wale watu wa kijijini waliokuwa wanamlea, na huko yule mwenye nyumba anamkuta binti anajua kuandika, anampiga mpaka anamvunja mkono. Pale nilifunga kitabu nikakaa. Maana mule ndani hakuna risasi hata moja lakini kaka angekuwepo nani angethubutu? Hiyo nayo ni vita, imeingia mpaka uani.

Swali langu la kwanza, nyie mnaanza na historia ndo mje kwenye riwaya, au mnaingia tu hivohivo? La pili ndo linaniuma zaidi. Bibi aliwahi kuniuliza, mimi mjukuu wake, anayedhani nimesoma najua kila kitu, "sasa mwanangu, bibi yangu eda alikaa lini?" Nikakosa cha kumjibu. Mume hakuletwa, barua hakuna, kaburi hakuna. Kuna mwandishi aliyemwandika mwanamke huyu?

shajara_kuu
Mimi ni wa historia kwanza, na naomba nisieleweke vibaya, riwaya nazipenda. Ila nimeona watu wanasoma riwaya moja wanamaliza wanadhani wameijua vita. Hii vita kwetu ilianza 1914, Tanga ikapigwa Novemba mwaka huohuo, na haikuisha mpaka Lettow-Vorbeck aliposalimu amri Abercorn, Mbala ya leo kule Zambia, tarehe 25 Novemba 1918, wiki mbili nzima baada ya Ulaya kuacha kupigana. Yani kuna wapagazi waliokufa njiani makubaliano ya kuacha vita yameshasainiwa huko.

Na ukitaka kujua babu yenu kapotelea wapi, anza na takwimu. Wanahistoria wanakadiria wapagazi waliokufa upande wa Mwingereza peke yake ni zaidi ya 90,000, na wengi wao hawakufa kwa risasi, waliuawa na kuhara damu, malaria, homa ya mapafu. Kuna waliotolewa Uganda wamezoea ndizi maisha yao yote, wakapewa unga wa mahindi na maharage yasiyoiva, matumbo yakakataa. Kariakoo ya Dar jina lake limetokana na hao wapagazi, Carrier Corps, na Kariokor ya Nairobi vilevile. Kila siku tunashuka kituo cha Kariakoo kununua vitenge na hatujui tunataja jina la marehemu wetu. Sasa haya bila historia utayatoa wapi? Mwandishi wa riwaya ana ruhusa ya kubuni, na ukimsoma bila msingi hujui kabuni wapi.

mama_wawili_tanga
@shajara_kuu kaka nakuheshimu lakini 90,000 mimi hainiingii. Naomba usikasirike, sijasema ni uongo. Ukiniambia elfu tisini naona umati, siwaoni watu. Ukiniambia mtu mmoja alichonga kinu mkewe akabaki anatwangia hicho kinu miaka yote hapo nimeelewa.

Kwa @mchonga_vinu, mi naingia na riwaya kwanza, nikishalia ndo natafuta historia. Nilisoma Half of a Yellow Sun ya Chimamanda Adichie nikiwa nanyonyesha mwanangu wa pili, vita ya Biafra kule Nigeria, 1967 mpaka 1970, na Biafra nilikuwa sijawahi kuifikiria maishani. Mwenyewe mwandishi babu zake wote wawili walikufa kwenye vita hiyo kabla yeye hajazaliwa, kwa hiyo na yeye alikuwa anatafuta kama wewe unavyotafuta. Sasa mle ndani wanaanza ni watu wa chuo kikuu, wanakula vizuri, wanabishana siasa sebuleni jioni, alafu ukurasa kwa ukurasa unaona vitu vinapungua. Nyumba inakuwa ndogo, nyama inaondoka mezani, mtoto tumbo linaanza kuvimba. Hakuna siku moja anaposema sasa njaa imeanza, hapana, inakuja polepole kama inavyokuja kweli.

Na kuna mtu (ambaye hajasoma aruke hapa) anatoka kuvuka mpaka wa mapigano kwenda kufanya biashara ya chakula, na harudi. Kitabu kinaisha hajarudi. Nilikasirika sana, nikawa namuuliza mume wangu mbona hatuambiwi. Baadaye ndo nikaelewa kwamba hata wenyewe nyumbani hawakuambiwa. Hapo ndo bibi yako alipo kaka. Hajaandikwa kwa jina la Lindi lakini yupo mle.

mvumi_1
Nimesoma hapa mpaka nimesimamisha kazi. Mimi ni Mgogo, na kwetu vita ya Mjerumani wazee hawaiiti vita, wanaiita Mtunya. Ni njaa hiyo, 1917 mpaka kama 1920. Majeshi yalipita Ugogo, huko Dodoma, kwanza Mjerumani akachukua mtama na ng'ombe na wanaume wa kubeba, akaja Mwingereza na yeye akachukua hivohivo, mvua nazo zikagoma, yale mafua makubwa ya 1918 yakamalizia. Katika watu kama 150,000 wa Ugogo inasemwa walikufa 30,000 hivi. Mtunya maana yake ni kunyang'anyana, kugombania, jina limebeba kila kitu, kwamba watu walifikia kunyang'anyana.

Nasema hivi kwa sababu ya Peponi. Yule Yusuf mwanzoni, miaka kumi na miwili, baba ana deni kwa tajiri, mtoto anaondoka na "Ami Aziz" kwenye treni hajui kwamba kawekwa rehani. Watu wengi wanaisoma kama jambo la zamani sana la Waswahili wa pwani na misafara yao. Mimi niliposoma nilimkumbuka bibi yangu mzaa baba, yeye alikuwa anasema wakati wa Mtunya kuna nyumba zilipeleka watoto mbali kwa watu wenye nafaka, mtoto anabaki huko chakula kinakuja huku, na wapo ambao hawakuwahi kukombolewa, wakakulia huko wakasahau hata lugha. Alikuwa analisema haraka haraka alafu anabadilisha maneno. Sikuwahi kumwuliza ni nyumba gani. Nilikuwa mdogo, na pia nadhani niliogopa jibu.

Kwa hiyo swali la historia kwanza au riwaya kwanza, kwangu kulikuwa na bibi kwanza. Riwaya ilinifundisha tu kwamba alichokuwa anasema kilikuwa kitu kikubwa.

buyenzi_bxl
Salaam kwenu nyote, mimi ni wa Buyenzi, Bujumbura, saa hizi naishi Bruxelles. Naongeza moja ya kwetu, Petit pays ya Gaël Faye, ilitoka 2016 kwa Kifaransa. Ni kijana Gaby wa Bujumbura, baba Mfaransa, mama mkimbizi wa Rwanda, wanaiba maembe na marafiki zake mtaani. Alafu Oktoba 1993 Ndadaye, rais wa Burundi, anauawa, na 1994 yanafuata mauaji ya kimbari ya Rwanda.

Mimi zile siku nilikuwa na miaka tisa. Kwenye habari za huku Ulaya walikuwa wanaonesha ramani na mishale. Kwenye kitabu kuna mama anayekwenda Rwanda kutafuta watu wake, akirudi sio yule tena, usiku anamwamsha binti yake mdogo anamhadithia aliyoyakuta, kila usiku, na mtoto anasikiliza tu. Kwetu kulikuwa na mama jirani wa namna hiyo. Watu wakimwita kichaa. Nilipofika ukurasa ule nilimwomba msamaha kimoyomoyo maana na mimi nilikuwa namkimbia nikimwona.

Kuhusu kubuni, @shajara_kuu, unasema kweli kwamba mwandishi anabuni. Lakini na sisi tuliokuwepo tunasahau. Kaka yangu na mimi tunabishana mpaka leo kama siku ile mlango ulivunjwa au baba aliufungua mwenyewe, na tulikuwa chumba kimoja.

shajara_kuu
Nimewasoma wote, na @mvumi_1 umeniweka kimya muda mrefu. Mtunya nilikuwa naijua kama njaa ya 1917 hadi 1920, nukta. Hiyo ya watoto kupelekwa kwa wenye nafaka wazee wangapi bado wapo wa kuisema? Kama bado kuna yeyote hai kwenu aliyewasikia wale, tafadhali mrekodi hata kwa simu.

Ngoja niwape kitu kimoja ambacho kimenikera miaka mingi. Ile sanamu ya Askari pale Posta Dar, iliyowekwa 1927, imeandikwa kwa Kiingereza, Kiarabu na Kiswahili. Wapagazi wametajwa, wanaitwa miguu na mikono ya jeshi. Lakini aliyesimama juu na bunduki ni askari. Miguu na mikono imebaki kwenye maandishi chini, na watu wanapita na daladala hawasomi. Na mwaka 1964 Ujerumani Magharibi ilikubali kuwalipa maaskari wazee waliokuwa bado hai. Maaskari. Aliyebeba risasi zao na unga wao kichwani hakuwa na cheti cha kuonesha. Kwa hiyo @mama_wawili_tanga nakubali jambo moja, kwamba hata kumbukumbu zenyewe zimechagua nani wa kumtaja, na hapo mwandishi wa riwaya anaweza kwenda mahali mimi siwezi kwenda na makaratasi yangu. Ila bado nasema soma vyote viwili!

mwanachuoni_kilwa
Kwa habari ya eda, kwa ufupi. Mume akipotea bila habari, sisi Mashafii kauli inayotegemewa ni kwamba mke anasubiri mpaka ipatikane yakini ya kifo au kadhi atoe hukumu. Wapo wanazuoni wanaosema miaka minne kisha eda. Sasa fikiria 1917, vijiji vimekimbiwa, kadhi mwenyewe yuko wapi, nani atamfikia? Wanawake wengi waliishi katikati hivo, si mke si mjane. Muulize bibi kama yule mama aliolewa tena, jibu litakuwa humo.

mchonga_vinu
Nawashukuru sana, sikutegemea. Jana nimempigia bibi, nikamuuliza kama alivyosema ustadh hapo juu. Akacheka kwanza, akasema nani kakuambia uulize hivo. Alafu akaanza kusema mambo ambayo hajawahi kusema.

Yule bibi yake hakuolewa tena. Walikuja watu wawili kuposa, akawajibu nina mume. Eda hakukaa. Nguo nyeupe hakuvaa, kwa sababu ukiivaa ni kama umemuua wewe mwenyewe, ndo alivokuwa anasema. Akaishi hivo mpaka uzee, na hii sehemu bibi kaiona kwa macho yake sio kusimuliwa, ilikuwa 1974 wakati wa Operesheni Vijiji, kila mtu anahamishiwa kijiji kipya cha barabarani, na yeye ni kikongwe haoni vizuri, akagoma. Akawaambia mkinihamisha mtu akija atakuta pori. Wale vijana wa operesheni hawakuelewa anamsemea nani, na watu wa nyumbani waliona aibu kueleza, miaka hamsini na saba imepita.

Mwisho walimbeba kwa kitanda. Vyombo vyote vikachukuliwa isipokuwa kinu, alikataa kisiguswe, akataka kiachwe palepale mlangoni. Bibi yangu akamuuliza, "Bibi, tutatwangia nini huko?" Akajibu tafuteni kingine, hicho akikiona atakijua, alikichonga mwenyewe.