Filamu bubu za dansi: tuanze na ipi kujifunzia?

Mpenda_Dansi: Wakuu, kikundi chetu kinataka kujifunza dansi za zamani za Marekani kutoka kwenye filamu zenyewe. Ninazo tatu: "Cake Walk" ya kampuni ya Biograph (1903), "The Whirl of Life" ya Vernon na Irene Castle (1915), na ile tango ya Rudolph Valentino kwenye "The Four Horsemen of the Apocalypse" (1921). Tuanze na ipi?

BintiTanga: Valentino ni wa kutazama, si wa kujifunzia. Unatafuta miguu, unaletewa uso. Halafu kavaa kigaucho, mavazi ya wachunga ng'ombe, ndani ya ukumbi wa Buenos Aires.

MzeeRumba: Mimi nasema 1903, bila kusita. Kamera imetulia, mwili mzima unaonekana. Wachezaji ni Weusi, wamevalia rasmi: magoti yanapanda juu, kifua mbele, mgongo umepinda kwa nyuma. Huo mgongo uangalieni sana. Mtindo huu ulizaliwa na watumwa kwenye mashamba ya kusini, wakiigiza madaha ya mabwana zao. Mkiyakosa maringo yale, mmebaki na hatua tupu. Na kuwa nayo ni bahati kubwa: kampuni zilichapa filamu kwenye karatasi ili kusajili hakimiliki, karatasi zikatunzwa Maktaba ya Bunge la Marekani, huku filamu nyingi zenyewe zikioza.

FundiProjekta: Kabla ya yote rekebisheni kasi. Kamera nyingi za enzi hizo zilizungushwa kwa mkono, mara nyingi picha kama 16 kwa sekunde. Ukizionyesha kwa 24, dakika nzima inaisha kwa sekunde 40. Ndiyo maana watu wanadhani wazee wale walicheza kwa kurukaruka. Shusheni kasi ya kuchezesha hadi 0.75 ya ile ya kawaida muone tofauti.

BintiTanga: Kwa kucheza wawili wawili, akina Castle hawana mpinzani. Kwenye mwendo wao maarufu wanatembea kwa vidole, na mpigo ukiingia wao wanapanda badala ya kushuka. Tafuteni pia rekodi za 1913 na 1914 za bendi ya James Reese Europe, mwanamuziki wao. Filamu haina sauti, ila muziki wake upo.

Mpenda_Dansi: Nimeelewa. Jumamosi tunaanza na ya 1903, kwa 0.75, kisha Castle. Mwenye nakala safi ya 1915, miguu ikionekana, aniambie kabla ya Ijumaa.