Gemu linagoma kushuka likifika 61%, na bando linazidi kuteketea. Naombeni msaada wakuu

Mgogo wa Area C (mwenye uzi)

Wakuu, heshima kwenu. Nipo Dodoma, na huu ni usiku wa nne sijalala vizuri kwa ajili ya jambo hili.

Mwezi uliopita nilinunua gemu la Red Dead Redemption 2 kwenye Steam, lile duka la magemu la mtandaoni, lilipopunguzwa bei. Nilidunduliza muda mrefu kulipata. Kwenye ukurasa wake wameandika linataka nafasi ya GB 150, nikafuta vitu mpaka sehemu ya D ya diski ikabaki na GB 210 tupu. Usiku wa kwanza lilikimbia vizuri hadi 40%. Lilipofika kama 58% likaanza kusuasua: linashuka dakika mbili, kasi inaanguka hadi sifuri, linakaa, linaamka tena. Sasa limeganda 61%. Mara mbili limeniletea ujumbe wa "disk write error".

Nimezima na kuwasha rauta, nimewasha kompyuta upya, nimebadilisha laini. Wiki iliyopita nililifuta nikaanza mwanzo, GB zote zile zikaenda bure na likaja kugoma palepale. Sitaki kurudia kosa hilo.

Kompyuta ni ya mezani, nimeinunua imetumika, Windows 10, RAM GB 8, diski ni HDD (ile ya zamani inayozunguka) ya GB 500 iliyogawanywa C na D. Dada yangu anaandikia tasnifu yake humohumo, kwa hiyo sina uhuru wa kuifanyia chochote ninachotaka.

Tatizo ni mtandao, ni Steam, au ni kompyuta?

Mzee wa Bando

Pole mkuu. Mimi ningeanza na mtandao. Vifurushi vingi vinavyoitwa bila kikomo vina kiwango, ukikivuka wanakushushia kasi mpaka kifurushi kianze upya. Pima kasi saa mbili usiku, halafu pima tena saa tisa alfajiri, ulinganishe.

Jambo la pili, ingia kwenye mipangilio ya Steam, sehemu ya "Downloads", uangalie eneo la kushushia. Jaribu Johannesburg, ikishindikana jaribu Falme za Kiarabu, ikishindikana jaribu nchi yoyote ya Ulaya. Iliyo karibu kwenye ramani si lazima iwe ndiyo ya haraka, inategemea njia data zako zinapopita chini ya bahari. Mei 2024, nyaya za EASSy na Seacom zilipopata hitilafu, huku kwetu mtandao ulikuwa wa kubembeleza siku kadhaa, na wakati ule kubadilisha eneo kulinisaidia sana.

Mgogo wa Area C (mwenye uzi)

Ahsante mzee. Nimepima, inakuja 10 mchana na usiku, haibadiliki. Johannesburg nimejaribu, Dubai nimejaribu, Ujerumani nimejaribu. Kote linaganda. Kinachonishangaza, hata lilipokuwa linakwenda vizuri Steam ilionyesha 1.2 tu wakati kipimo kinasema 10. Hapo siibiwi kweli?

Binti Tanga

Huibiwi kaka. Kipimo kinahesabu megabiti, Steam inakuhesabia megabaiti, na baiti moja ni biti 8. Gawanya 10 kwa 8 unapata 1.25. Kwa kasi hiyo unashusha kama GB 4.5 kwa saa, yaani kama GB 108 ukiiacha usiku na mchana. Mtandao wako uko sawa kabisa.

Safisha kashe ya upakuaji, yaani mabaki ya muda ya kushusha, ipo kwenye mipangilio ileile ya "Downloads". Itakuomba uingie upya kwenye akaunti, gemu halifutiki. Antivairasi nayo iambie isichunguze folda ya Steam, maana wakati mwingine inalishika faili kabla halijamaliza kuandikwa.

Kijana wa Nyegezi

Naweka kambi hapa, langu pia linagoma ila mimi Steam haifunguki kabisa, inasema haina muunganisho wakati simu kwenye WiFi ileile inafanya kazi. Ngoja waje wataalamu.

Fundi Waya

Mgogo, kabla hujagusa kitu kingine, fungua ukurasa wa upakuaji ndani ya Steam uangalie ile grafu. Ina vitu viwili. Nguzo za bluu ni mtandao, mstari wa kijani ni diski. Kaa uitazame dakika tano, uniambie kipi kinaanguka na kingine kinafanya nini wakati huo. Kisha fungua Task Manager, ile ya Windows inayoonyesha kompyuta inafanya nini, upande wa diski, unipe asilimia na kasi ya kuandika.

Nakuuliza hivyo kwa sababu Steam haishushi gemu kama unavyoshusha wimbo. Inaligawa vipande vidogo vya takriban MB 1, vimebanwa na vimefungwa. Kompyuta yako inakipokea kila kipande, inakifungua, inahakiki kama ni kizima, ndipo inakiandika kwenye diski. Diski ikichelewa kuandika, Steam inaacha kuomba vipande vipya mpaka foleni iishe. Wewe unaona kasi sifuri unailaumu rauta, kumbe rauta imekaa inasubiri.

Mgogo wa Area C (mwenye uzi)

Mkuu Fundi Waya, nimekaa nayo nusu saa. Bluu inaanguka mpaka chini, haipo kabisa. Task Manager inasema diski 100%, lakini inaandika KB 300, wakati mwingine sifuri. Muda wa kujibu unafika milisekunde 9,000. Inakaa hivyo dakika nzima, halafu inaachia.

Mchezaji Mstaafu

Diski imechafuka tu hiyo. Fungua dirisha la amri kama msimamizi, andika chkdsk D: /f /r, ni amri ya kukagua na kurekebisha diski, uiache ilale inafanya kazi. Asubuhi utanishukuru.

Fundi Waya

Hapana, tafadhali sana, usifanye hivyo bado. Hiyo /r inaisoma diski yote kuanzia mwanzo hadi mwisho, na kama diski ni mgonjwa unaweza kuimalizia usiku huohuo. Nimeshaletewa kompyuta za namna hiyo, mtu kaendesha ukaguzi kwa nia njema, asubuhi diski haisomeki tena na picha za watoto zote zimo ndani. Kukagua kunakuja baada ya kunakili vitu, si kabla.

Diski nzima ya HDD, hata ya zamani, inaandika makumi ya MB kwa sekunde bila taabu. KB 300 huku imejaa 100% si uchafu. Shusha CrystalDiskInfo, ni programu ndogo ya kupima afya ya diski na ni ya bure. Nitajie rangi inayoonyesha, na namba zilizo kwenye mistari ya 05, C5 na C6.

Mgogo wa Area C (mwenye uzi)

Ni njano, imeandikwa "Caution". Mstari wa 05 mwisho wake una 10, wa C5 una 28, wa C6 una 28.

Fundi Waya

Namba hizo kwa kawaida programu inaziandika kwa mfumo wa kumi na sita, kwa hiyo 28 hapo ni 40 yetu, na 10 ni 16. Maana yake diski imeshahamisha sehemu 16 zilizokufa, na zipo nyingine 40 ambazo imejaribu kuzisoma ikashindwa. Ndiyo maana linagoma palepale kila mara: huenda data zikifika kwenye eneo lile lililoharibika, diski inajaribu, inarudia, inarudia, na gemu linasubiri.

Sasa sahau gemu kwa leo. Steam isimamishe kabisa, ondoa na tiki ya kujiwasha yenyewe. C na D ni diski moja, kwa hiyo tasnifu ya dada yako imekaa juu ya diski hiyohiyo inayokufa. Toa hiyo kwanza. Iweke sehemu mbili: kwenye flashi, na kwenye Google Drive, wanatoa GB 15 bure na tasnifu haifiki hata robo ya hapo. Ukimaliza, nakili picha na nyaraka nyingine. Faili likigoma, liruke, endelea na mengine, utalirudia mwisho.

Mama Kelvin

Mwanangu, fanya hilo usiku huuhuu. Mimi nilipoteza miaka mitatu ya mahesabu ya kikoba kwa kusema nitanakili Jumamosi.

Mgogo wa Area C (mwenye uzi)

Nimeshtuka sana wakuu. Nimemwamsha dada saa sita usiku, tumekaa wote. Sura zote tano za tasnifu zimetoka, amezifungua moja moja kwenye simu akahakikisha. Nyaraka zimetoka. Picha tatu za harusi yake zimekataa, tumejaribu mara nne. Amelia kidogo, lakini tumshukuru Mungu, kazi zake zote hazikuwa na nakala nyingine popote, zingeweza kwenda zote.

Kesho naazima hela natafuta SSD, zile diski mpya zisizozunguka. Je, zile 61% za gemu ndiyo basi?

Fundi Waya

Hongereni, kazi kubwa imeisha. Mwambie dada amuulize mpiga picha, wengi wanabaki na kazi zao.

61% unaweza kuziokoa. Kwenye folda ya Steam kuna folda inaitwa steamapps. Ndani yake kuna "downloading", na humo kuna folda yenye jina la namba tupu, kwa gemu hilo ni 1174180. Pia lipo faili la appmanifest lenye namba hiyohiyo. Funga Steam, nakili steamapps nzima uiweke kwenye maktaba ya Steam utakayoifungua kwenye SSD. Ukiwasha, itavihakiki vipande, itakavyokuta vizima itaviacha, vilivyoharibika itavishusha upya. Likishakamilika, bofya kulia kwenye gemu, ingia "Properties", kisha "Installed Files", uhakiki mafaili.

SSD chukua ya GB 480 au 512. Ya GB 240 ukishaweka Windows na gemu hilo unabaki na pumzi kidogo mno.

Binti Tanga

Kama kuna rafiki hapo Dodoma mwenye gemu hilo, ipo njia ya bando kidogo sana. Tangu 2023 Steam inaruhusu kompyuta mbili zilizo kwenye mtandao mmoja wa ndani kurushiana gemu. Wote muwe mmeingia kwenye akaunti zenu, muwe marafiki humo, na anayetoa aruhusu kwenye mipangilio ya "Downloads". Ungeni kompyuta zote mbili kwa waya kwenye rauta moja, WiFi inachelewesha. Intaneti itatumika kuhakikisha umiliki tu na vitu vidogo. Na mkitaka kubebeana kwa flashi, angalieni isiwe imepangwa kwa mfumo wa FAT32, huo haupokei faili linalozidi GB 4.

Kijana wa Nyegezi

Wakuu msinisahau na mimi.

Fundi Waya

Kijana, tazama saa ya kompyuta yako. Ipo mwaka gani?

Kijana wa Nyegezi

Inasema 2012! Kila nikizima inarudi huko.

Fundi Waya

Ndiyo hiyo. Vyeti vya usalama vya mtandao vina tarehe, na kompyuta inayodhani ni 2012 inavikataa vyote. Rekebisha tarehe, Steam itafunguka sasa hivi. Halafu nunua betri ya CR2032 ubadilishe ile ya kwenye ubao mama, imekwisha. Ukiwa ndani hakikisha pia una Windows 10 kwenda juu, maana tangu Januari 2024 Steam imeacha kuhudumia Windows 7 na 8.

Kijana wa Nyegezi

Imefunguka. Mungu akubariki mkuu.

Mgogo wa Area C (mwenye uzi)

Marejesho, kama nilivyoahidi. SSD nimeletewa na kaka anayesafiri, ameitoa Kariakoo, ya GB 512. Windows nimeweka upya, steamapps nimenakili kutoka diski ya zamani. Mafaili 11 yaligoma, nikayaruka. Steam ilihakiki kwa muda, ikaanzia 57%, na kutoka hapo haijasimama hata mara moja. Mstari wa kijani umetulia, bluu imejaa mfululizo. Limekamilika leo alfajiri. Dada anawasilisha tasnifu Jumatatu, na mpiga picha amempatia zile picha tatu.

Mama Kelvin

Ashukuriwe Mungu. Na ile diski mbovu umeifanyaje? Msije mkaiuza kwa mtu.

Mgogo wa Area C (mwenye uzi)

Nimeichomoa mama. Ipo kabatini ndani ya bahasha, nimeandika juu kwa kalamu nene MBOVU, USIIPACHIKE, maana mdogo wangu anapenda kufungua kompyuta.