Nimekuta plagini ya zamani ya ampu ya gitaa kwenye diski, niirudie au niachane nayo?

Solo wa Uyole
Wakuu, habari za jioni. Nipo Uyole, Mbeya. Juzi nimepekua diski ya zamani nikakuta projekti za 2012 za Reaper, programu ya kurekodi muziki, nyimbo nne za kwaya yetu. Solo kapiga baba mdogo, ambaye sasa ni marehemu. Wakati ule tulichomeka gitaa moja kwa moja kwenye saundi kadi, na ampu ikawa plagini, yaani programu ndogo inayofanya kazi ndani ya Reaper, ya bure ya biti 32. Nilishaisahau kabisa.

Kwenye kompyuta mpya Reaper inasema plagini haipatikani. Gitaa linatoka kavu, ting ting, kama waya uliofungwa kwenye mbao. Nimeweka plagini ya kisasa, sauti nzuri kweli, lakini si ya baba mdogo. Kwaya wanataka nyimbo zitoke upya kabla ya Pasaka. Nifanyeje?

Mnyalu wa Kihesa
Pole sana kwa kuondokewa na mzee. Hiyo sauti kavu ndiyo mali yenyewe, mkuu. Alichopiga kipo kama kilivyotoka kwenye pikapu ya gitaa (kinasa mlio wa nyuzi), ampu unamwekea hata leo. Kwanza nakili diski nzima.

Kisha tafuta humo faili la plagini lenye mwisho wa dll, lihamishie kompyuta mpya, ionyeshe Reaper folda hiyo kwenye mipangilio ya VST (aina ya plagini) halafu iskani upya. Kwenye Windows, Reaper ya biti 64 inafungua plagini za biti 32. Ikikubali tu, toa gitaa kama WAV, faili la kawaida la sauti, usiku huohuo.

Fundi Tukuyu
Kama ni Mac, kuanzia toleo la Catalina la 2019 plagini za biti 32 hazifunguki. Tafuta laptop ya Windows.

Plagini za zama zile ampu haikuwa mbaya, kilichozeeka ni boksi la spika. Lizime, weka faili la IR, yaani mlio wa spika halisi uliochukuliwa kwa maikrofoni. Plagini ya NadIR ya Ignite Amps inalipakia bure. Usiache ampu bila spika, italia kama nyuki kwenye debe.

Besi la Njombe
Fundi, hapo sikubaliani nawe. Mpigaji hujibu anachosikia. Mzee alivuta na kuachia nyuzi kwa kusikia boksi lile na mwangwi ule. Ukibadilisha, vidole vyake vitaonekana vimekosea mahali ambapo havikukosea. IR iwekwe kwenye nakala, si kwenye wimbo wenyewe.

Solo wa Uyole
Imefunguka saa tano usiku! Mipangilio yote ipo kama alivyoiacha, geini (ukali wa ampu) chini kabisa, mwangwi mfupi. Kabla ya wimbo wa tatu anasikika akihesabu, "moja, mbili". Nimemwita mama akaja kusikiliza. WAV nimeshatoa. Ila wimbo wa nne sauti inakatakata, bafa (akiba ya sauti ambayo kompyuta huiandaa kabla ya kuicheza) ipo 64.

Mnyalu wa Kihesa
Panda hadi 512. Sasa huna unachorekodi, kuchelewa kwa sauti hakukuathiri. Na huko mwanzo alikohesabu, usikukate.