Maharage ya njano, mekundu au meupe kwa supu ya nyanya? Shemeji anapanda treni Ijumaa

DadaWaCheyo
Wakuu habari za leo. Mi nipo Tabora mjini, shemeji yangu yuko Kasulu na Ijumaa anashuka Kigoma kupanda treni kuja huku, kanipigia kaniuliza anibebee maharage gani, anataka jibu kabla hajaenda sokoni Alhamisi. Nataka ya kupikia supu ya maharage na nyanya, ile nyepesi ya kunywa kwenye bakuli yenye majani ya kunukia, sio maharage ya kulia ubwabwa. Kasema kuna ya njano, mekundu makubwa na meupe madogo. Halafu nyanya nitumie mbichi au ya kopo? Na majani, giligilani au rozimeri? Naombeni uzoefu wenu, nawasilisha.

Muha_wa_Heru
Njano. Hakuna cha kujadili hapo. Njano ya Kasulu inaiva upesi, tumbo halijai gesi, na ukiponda mwiko mmoja tu supu inakuwa nzito yenyewe bila kuweka unga. Huko Tabora mnatuletea asali, sisi tunawaletea maharage, kila mtu abaki na fani yake.

MamaNafaka
Mdogo wangu umeuliza nusu nusu. Unapikia watu wangapi? Jiko la mkaa, gesi au presha kuka? Unanunua sado, debe au gunia? Na anayekula ni nani, mtoto, mzee, mgonjwa? Maana supu ya kuchangamsha wageni na supu ya mtu mwenye masharti ya daktari ni vitu viwili tofauti kabisa. Jibu kwanza ndo tukushauri.

Mpishi_Isevya
Mi napingana na Muha. Kwa supu chukua mekundu. Njano ukizubaa kidogo tu imeyeyuka yote, unapata uji, wakati mekundu yanabaki mazima kwenye bakuli na rangi inakaa vizuri na nyanya. Ila yanataka adabu: loweka usiku kucha, maji ya kulowekea mwaga yote, weka mapya, na yachemke kwa nguvu kabisa dakika 10 zisizopungua kabla hujapunguza moto. Maharage mabichi yana sumu yake ya asili na mekundu ndo yanayo kwa wingi zaidi, moto mdogo hauiondoi, mtu anakula ambayo hayajaiva sawasawa anatapika na kuhara ndani ya masaa machache anadhani karogwa.

Mwanga_Center
Nyie mnabishana rangi, mi nawaambia angalieni umri wa maharage. Ngoja niwasimulie. Tulikuwa na hitma Ujiji, nikapewa kazi ya kununua maharage, nikaenda kwa mfanyabiashara mmoja nisiyemtaja wala soko lake silitaji, gunia limefunguliwa juu maharage ya njano yanang'aa kama yamepakwa mafuta, nikalipa, likabebwa. Wapishi wakaloweka, alfajiri wakabandika masufuria makubwa matatu, saa nne bado, saa sita bado, mkaa umeisha ukaletwa mwingine, ukichota upawa mmoja maharage haya yamepasuka yamekuwa uji na haya ya pembeni yake ukiyabonyeza yanaruka kama kokoto. Kumbe juu kaweka ya msimu mpya na chini yote ni ya zamani yaliyokaa stoo kwenye joto, yamegeuka rangi kuelekea kahawia. Maharage yakishakaa muda mrefu kwenye joto na unyevu yanakomaa vibaya, hata uyachemshe mpaka kesho hayalainiki. Wageni walikula wali na dagaa siku ile na mimi ndo niliyeangaliwa usoni. Nilipomrudia yule bwana akasema mzigo ukishatoka hapa haurudi. Sasa mwambie shemeji wako aingize mkono mpaka chini ya gunia, atoe, alinganishe na ya juu. Na atafune moja: jipya linakubali jino, la zamani linavunjika vipande vipande kavu.

Muha_wa_Heru
Pole sana kaka, lakini huo ni wizi wa muuzaji, njano haina kosa.

FundiTBR
Kuna jambo hamjalisema. Tabora iko juu karibu mita 1,200 toka usawa wa bahari, Kigoma pale ziwani ni kama 770. Maji huku yanachemka kwenye nyuzi 96 hivi, kwa hiyo maharage yale yale lazima yachelewe. Dada nunua presha kuka ndo suluhisho.

Mwanga_Center
Na Kigoma yanachemka kwenye 97 na kitu. Tofauti ya nyuzi moja na nusu haiwezi kumfanya mtu anunue sufuria jipya mkuu. Maharage mapya yaliyolowekwa yanaiva Tabora bila shida yoyote.

FundiTBR
Sijasema hayaivi, nimesema yanachelewa. Na mkaa ni hela.

Kanyenye_Girl
Si aweke magadi tu, dakika chache yamelainika.

MamaNafaka
Magadi hapana jamani. Yanalainisha kweli, lakini yanaua vitamini B1 na ladha inakuwa ya sabuni, tena kwenye supu nyepesi utaisikia kabisa. Kulowekwa kunatosha. Na kosa kubwa la wengi ni nyanya kuingia mapema. Uchachu wa nyanya unafanya ganda la maharage ligome. Maharage yaive kwanza mpaka ukiliminya kati ya ulimi na kaakaa linapondeka, ndipo nyanya ije. Dada mwenye uzi bado hujanijibu.

DadaWaCheyo
Samahanini nilikuwa kazini. Ni debe moja, jiko la mkaa, nyumbani tupo sita. Supu hasa ni ya baba mkwe, daktari kamwambia apunguze chumvi na mafuta na aache supu za kongoro alizozizoea. Ndo nikawaza maharage na majani ya viungo ili asione anakula chakula cha hospitali.

MamaNafaka
Sasa hilo ndo ulitakiwa uanze nalo! Ni presha au figo? Nauliza kwa sababu maharage na nyanya vyote vina potasiamu nyingi, mwenye figo mbovu huwa anazuiwa au anapimiwa. Kama ni presha peke yake ni chakula kizuri sana.

DadaWaCheyo
Presha. Figo wamepima ziko sawa. Nitamuuliza tena daktari hata hivyo.

Mpishi_Isevya
Basi nyanya ya kopo na ya pakti weka pembeni, au soma maandishi nyuma kabla hujanunua, nyingi zina chumvi ndani. Tafuta nyanya mbichi za aina kama Cal J au Tanya, zina nyama nyingi na maji kidogo. Zilizoiva hasa, sio hizi zenye bega la kijani. Mimi nazimwagia maji ya moto, ganda linatoka lenyewe, nazikata ndogo, nakaanga kitunguu na kijiko kimoja cha mafuta ya alizeti mpaka kilainike, saumu iliyopondwa, halafu nyanya, nafunika, moto mdogo mpaka zimekuwa rojo na harufu ya ubichi imeisha. Hapo ndo unamimina kwenye maharage yaliyoiva pamoja na maji yake ya kuchemshia. Ukiziharakisha supu inabaki chachu, na watu wakionja uchachu wanakimbilia chumvi.

Muha_wa_Heru
Alizeti? Supu ya maharage bila mawese mnaifanya iwe ya wagonjwa kweli. Kijiko kimoja cha mawese ya Kigoma na rangi unaipata bure.

MamaNafaka
Mwanangu, mawese nayapenda na nimekulia nayo, lakini karibu nusu yake ni yale mafuta yanayoganda, na mzee kaambiwa apunguze mafuta. Siku yake ya sikukuu sawa, kila siku hapana.

Muha_wa_Heru
Wazee wetu Ujiji wamekula mawese miaka yote na wamefika uzeeni.

Mwanga_Center
Na walikuwa wanalima na kuvua toka alfajiri. Baba mkwe wa dada yuko kwenye kochi.

Kanyenye_Girl
Turudi kwenye majani. Giligilani usikate yote ukaitupia mwanzoni, itapoteza harufu. Vishina katakata viingie pamoja na kitunguu, majani yenyewe weka ukishaepua. Rozimeri ni kinyume chake, kijiti kimoja kidogo kinaingia wakati maharage yanachemka, ukimaliza unakitoa. Ukizidisha mzee atasema umempikia dawa. Na kamua ndimu mwishoni, ile inaziba pengo la chumvi kuliko kitu chochote, nimeona kwa mama yangu ambaye naye ana presha.

FundiTBR
Kivumbasi je? Kimejaa huku kwetu na kinanukia.

Kanyenye_Girl
Kivumbasi ni ndugu wa mrehani lakini ni kikali, watu wanakitumia kufukuza mbu. Mrehani ule mtamu ndo wa kwenye nyanya, vinaendana sana. Tatizo hapa Tabora sokoni unauona kwa bahati.

DadaWaCheyo
Asanteni nyote. Shemeji kanipigia sasa hivi, anasema njano ipo lakini imepanda bei, mwenye duka anampunguzia akichukua mchanganyiko wa njano na mekundu. Achukue?

Mwanga_Center
Mchanganyiko asiguse. Hapo ndipo ya zamani yanafichwa.

Mpishi_Isevya
Hata yakiwa mapya yote, njano itaiva mekundu bado. Achukue mekundu peke yake, bei itakuwa nzuri.

Muha_wa_Heru
Aongeze hela kidogo achukue njano, dada. Na meupe mbona hakuna anayeyatetea humu?

Lake_View_Gungu
Mimi nayatetea, nimechelewa tu. Meupe madogo hayana ladha yake kali, yanakubali kila jani unaloweka. Ila Kasulu huyapati mengi msimu huu, nilitafuta.

FundiTBR
Kanyenye_Girl, hiyo giligilani naweza kuotesha mwenyewe? Nimeipanda ikatoa maua haraka kabla sijavuna.

Kanyenye_Girl
Joto ndo linaifanya hivyo. Weka kwenye kivuli cha mwembe, jua la asubuhi tu, mwagilia jioni, na panda kidogo kidogo kila baada ya wiki mbili usipande yote mara moja. Zile mbegu za duka la viungo zinaota kama hazijakaangwa, zipasue katikati kwanza kwa kuzisugua na chupa.

FundiTBR
Za duka la viungo kabisa? Kesho napita kununua.