Ukweni hawali kitunguu, mie mjamzito nakiota usiku na mchana. Nifanyeje?

MtotoWaNgamiani
Wakubwa shikamooni, wenzangu mambo. Nimeolewa Ahmedabad, Gujarat, huko India, huu mwaka wa pili. Tuko tisa kwenye vyumba vitatu: bibi yake mume wangu, baba na mama mkwe, shemeji na mkewe na watoto wao wawili, na sisi.

Upendo upo. Bibi hunipaka mafuta ya nywele kwa mkono wake. Shida ni chungu. Ni Wajaini, dini ya India inayokataza kudhuru kiumbe chochote: kitunguu hakuna, saumu hakuna, viazi hakuna, karoti hakuna. Jua likizama, jiko limefungwa. Mie mimba ya miezi mitano, saa tatu usiku tumbo linanguruma! Samaki hata sithubutu kumtaja. Nataka rojo la kitunguu na nyanya tu, au kachumbari (na neno lenyewe tumelitoa kwao!).

Mume ananiambia nivumilie, kumbe akitoka kazini anapitia mkokoteni wa mayai. Nimemnusa.

Nimwambieje mama mkwe bila kuvuruga nyumba?

Kijiko_Kikubwa
Kesi ya mayai isikilizwe kwanza 😂

Tandale_1
Hameni. Kwani mmefungwa kamba?

MtotoWaNgamiani
Kuhama sitaki, kaka. Mke wa shemeji alipojifungua, siku arobaini hakuosha hata kikombe. Nami naitaka hiyo.

BiMkubwa_Rajkot
Mwanangu, nimekaa Rajkot, huko huko Gujarat, miaka sita. Si roho mbaya. Kwao kung'oa mzizi ni kuua mmea mzima na vidudu vya udongoni, na usiku hawali wasije wakameza kiumbe wasichokiona. Kwa hiyo usiombe kupikia jikoni kwao, utakataliwa. Omba sufuria yako, kisu chako, na jiko dogo la umeme roshani. Wala si sasa hivi! Ziko siku nane za Paryushan, siku zao kuu za kufunga na kuomba, Agosti au Septemba, hata aliyelegea hukaza. Zikipita ndipo useme.

Babu_K
Anza na bibi. Mkubwa wa nyumba akikubali, nani atapinga? Na mumeo awepo, asikuachie wewe mgeni ubebe lawama peke yako.

MtotoWaNgamiani
Mrejesho. Nimengoja zile siku nane zikapita. Mume kagoma kuja, eti ana kikao. Nikaenda peke yangu na Kigujarati changu cha kuokoteza. Bibi akaniuliza: anayetaka ni wewe au mtoto? Nikasema mtoto. Akacheka mpaka akakohoa, akamwita mama mkwe, wakafunga mlango.

Jioni nakuta jiko dogo roshani, na sufuria mpya bado ina karatasi ya dukani. Kitunguu ruksa, mayai hapana, na nikimaliza nioge ndipo niingie jikoni kwao. Sawa tu.

Jana nimekaanga, nikala na rotli (chapati zao) za mchana. Mume akatoka chumbani anafuata harufu, anaomba kidogo.

Nimemwambia avumilie.